Kwa mdogo wangu aliyerudisha skripti

Mdogo wangu,

Mama mdogo kanipigia juzi usiku, anasema umerudisha skripti. Ulipewa uhusika wa kaka mkubwa asiyeaminiwa na mtu nyumbani, mwoga, mwepesi wa kulia. Ukasema huwezi kuigiza zoba, unasubiri nafasi ya steringi. Nilikosa usingizi. Nakuandikia hadharani kwa sababu wenzako wengi wana mawazo hayohayo, na kuna mtu nataka mmjue.

Anaitwa John Cazale, mwigizaji wa Marekani aliyezaliwa mwaka 1935. Kabla ya kujulikana alikuwa tarishi wa kampuni ya mafuta, na huko ndiko alikokutana na tarishi mwenzake, Al Pacino, ambaye naye alikuja kuwa mwigizaji maarufu. Maisha yake yote aliigiza muvi ndefu tano tu. Zote tano ziliwania Oscar ya filamu bora ya mwaka, na tatu zikashinda. Hakuna hata moja aliyokuwa steringi. Yeye mwenyewe hakuwahi kuteuliwa kuwania tuzo hiyo, na jambo hilo linaniuma mpaka leo.

Katika The Godfather ya mwaka 1972 yeye ni Fredo, mtoto dhaifu wa ukoo wa majambazi. Baba yake anasimama kununua matunda mtaani, wauaji wanatokea. Fredo anahangaika na bastola, inamponyoka. Baba anaanguka. Kijana mtu mzima anaketi ukingoni mwa barabara, analia kama mtoto aliyepotea sokoni. Niambie, uchungu wa tukio lile unaupata kwa nani? Marlon Brando, anayeigiza baba, kalala chini, kimya. Unaupata kwa huyu anayelia, aliyeshindwa kazi moja tu aliyokuwa nayo siku ile. Ukimwondoa, inabaki milio ya risasi.

Wengi wetu hatuwezi hilo. Nimekaa kwenye seti nikaona: mtu anaigiza mlevi wa wiki nzima, lakini shati lazima liwe limepigwa pasi. Skripti inasema apigwe kofi na mkewe, anamfuata mwongozaji pembeni kuomba kofi liondolewe, eti mashabiki watamdharau. Cazale hakujikinga hata kidogo. Alimwacha Fredo adharaulike, na ndiyo maana tunamhurumia.

Usidhani hakuwa na ubunifu wake. Mwaka 1975, katika Dog Day Afternoon, yeye na Pacino ni majambazi waliokwama ndani ya benki. Pacino anamuuliza kama kuna nchi anayotaka kukimbilia. Cazale anafikiri kidogo, anajibu: Wyoming. Hilo ni jimbo la Marekani hukohuko! Ni kama jambazi wa Dar aulizwe atorokee nchi gani, ajibu Singida. Jibu hilo halikuwemo kwenye skripti, alilitoa mwenyewe, na uso wake hauonyeshi dalili yoyote ya kutaka kuchekesha. Kwa neno moja unamjua yule jambazi mzima mzima: elimu yake, hofu yake, na jinsi alivyomkabidhi mwenzake maisha yake.

Pacino amesema waziwazi kwamba kuhusu uigizaji alijifunza zaidi kwa John kuliko kwa mtu mwingine yeyote. Na Pacino ndiye aliyekuwa steringi.

Muvi yake ya mwisho, The Deer Hunter, aliifanya akiwa na saratani ya mapafu. Walipanga kushuti vipande vyake kwanza, awahi kumaliza. Alifariki Machi 1978, ana miaka 42, kabla haijatoka.

Mama mdogo anasema mwongozaji bado hajampa mtu nafasi ile. Mpigie kesho asubuhi. Halafu Jumapili njoo nyumbani, muvi zote tano ninazo kwenye flashi. Tutaanza na ile ya barabarani, na nitakuomba usimwangalie Brando.

Dada yako