Barua kwa vijana waandishi wa filamu: miaka 18 ya Ildikó Enyedi

Wanangu,

Ujumbe wenu nimeupata. Mmoja wenu anasema ana miaka 31, filamu moja tu mkononi, na prodyuza aliyemwahidi fedha hapokei tena simu. Anataka kuacha. Nawajibu nyote kwa pamoja, maana najua hayuko peke yake.

Kuna mama mmoja wa Hungaria, Ildikó Enyedi, mzaliwa wa Budapest mwaka 1955, anayeandika mwenyewe na kuongoza mwenyewe. Karne Yangu ya 20, filamu yake ya mapacha waliozaliwa Budapest mwaka 1880, ilimpatia Kamera ya Dhahabu kwenye tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, mwaka 1989, tuzo ya wanaoanza. Mwigizaji mmoja, Dorota Segda, aliigiza pacha wote wawili na mama yao juu yake! Mtu ungedhani baada ya hapo milango yote iko wazi.

Mwaka 1999 akatoa Simon Mchawi. Filamu ndefu ya sinema iliyofuata ilionekana mwaka 2017. Hesabuni wenyewe. Mtoto aliyezaliwa mwaka ilipotoka ya kwanza alishafika umri wa kupiga kura ilipotoka ya pili.

Wengi wangekifanya kipindi hicho kisa cha subira. Mimi hapana. Subira ya kukaa barazani nimeijaribu: mkubwa mmoja aliukataa muswada wangu, nikaufungia sandukuni nikingoja anikumbuke. Walioukumbuka ni panya. Enyedi alifundisha kwenye chuo cha maigizo na filamu cha Budapest, akaongoza vipindi vya tamthilia ya televisheni, Terápia, ambamo mtaalamu wa saikolojia na mteja wake wanaketi chumbani na kuzungumza. Basi, hakuna kingine. Wapo ambao wangeiita kazi hiyo kushuka daraja.

Sasa itazameni ile ya 2017, Kuhusu Mwili na Roho. Tuko machinjioni, Budapest. Mkuu wa fedha ana mkono uliopooza. Mkaguzi mpya wa nyama hajui kuchangamana na watu. Inaibwa dawa ya kuamsha hamu ya mafahali, anaitwa mwanasaikolojia awahoji wafanyakazi, na katika maswali yake inabainika kwamba hawa wawili huota ndoto moja: wao ni ayala, wale wa kwenye Zaburi, dume na jike, msituni kwenye theluji. Ondoeni wizi ule muone: mahojiano hayapo, na ndoto inabaki siri ya kila mmoja. Nani kati yenu angethubutu kufungulia mapenzi kwa dawa ya fahali? Tena utulivu wa kuwaacha watu wawili chumbani waongee bila kuwaharakisha, mimi nauona umetoka kwenye televisheni ile iliyodharauliwa.

Aliyeigiza mkuu wa fedha, Géza Morcsányi, alikuwa mchapishaji wa vitabu, si mwigizaji. Tamasha la filamu la Berlin likaipa filamu hiyo Dubu wa Dhahabu, tuzo yake kuu, na Oscar ikaiteua. Mwaka 2025 mama huyu alikuwa kwenye tamasha la filamu la Venice na filamu nyingine, ya mti mkongwe wa ginkgo huko Marburg, Ujerumani.

Basi wewe wa miaka 31, kazi ya tamthilia uliyoniambia umeikataa kwa sababu ni ya chumba kimoja, wapigie simu kama nafasi bado ipo. Na Jumamosi njooni nyote na kurasa zenu, tuzisome kwa sauti. Zitieni kwenye bahasha ngumu. Panya wangu bado wazima.