Mwandishi naye atajwe

Mhariri,

Makala yenu ya Jumamosi kuhusu tamthilia ya Time ya BBC niliisoma mara mbili. Mara ya kwanza kwa furaha. Mara ya pili nikilitafuta jina la mwandishi wake, Jimmy McGovern, nisilione. Waigizaji mmewasifu, Sean Bean na Stephen Graham, na wanastahili. Aliyewatungia maneno hamkumgusa kabisa.

McGovern alizaliwa Liverpool mwaka 1949, katika familia ya watoto tisa, na utotoni alisumbuliwa na kigugumizi. Alifundisha shule, kisha miaka ya 1980 akawa miongoni mwa waandishi wa Brookside, mchezo wa mfululizo wa Channel 4 kuhusu majirani wa Liverpool. Mwaka 1993 akatoa Cracker, tamthilia ya upelelezi, jina likavuma.

Kinachonifanya nishike kalamu, hata hivyo, ni tamthilia yake Hillsborough ya mwaka 1996, niliyoitazama nikiwa masomoni Uingereza. Tarehe 15 Aprili 1989 mashabiki wa timu ya mpira ya Liverpool walibanwa hadi kufa katika uwanja wa Hillsborough, mjini Sheffield. Leo wanahesabiwa 97. Polisi wakawasingizia marehemu na wenzao kuwa walikuwa walevi. McGovern aliwaendea wafiwa, akaandika yaliyowapata.

Hili la Trevor Hicks, mmoja wa wafiwa hao, halijanitoka moyoni. Yuko nyasini, binti zake wawili wamelala chini mbele yake, Sarah wa miaka 19 na Victoria wa miaka 15. Victoria anapakiwa kwenye gari la wagonjwa. Baba aende na huyu, au abaki na yule? Akapanda gari. Wote wawili walifariki. Kisa kama hicho hakihitaji kutiwa chumvi, na McGovern hakutia.

Ni mwaka 2016 tu ndipo uchunguzi wa mahakama ulipotamka kwamba waliuawa isivyo halali na kwamba mashabiki hawakuwa na kosa. Ushindi huo ni wa familia, simpi mwingine. Lakini miaka 20 nzima kabla yake, mtu mmoja alikuwa ameshayaleta hayo sebuleni kwa watu, kwa kalamu yake.

Time aliiandika akiwa amevuka miaka 70. Naomba toleo lijalo mchapishe masahihisho, na jina lake liwe mstari wa kwanza.

Mwalimu mstaafu,
Tanga