Barua kwa mjomba wangu wa Tukuyu kuhusu kipimo cha utumbo mpana

Mjomba wangu, shikamoo.

Simu ya Jumapili ilikatika kabla sijakujibu, na kwa kuwa wanaokiogopa kipimo hiki ni wengi, nimeona nikujibu hapa hadharani bila kulitaja jina lako.

Umeniambia kwamba sokoni wanasema kamera ya kipimo hiki, ile ya kwenye mpira mwembamba unaopitishwa njia ya haja kubwa, hutoboa utumbo. Sitakudanganya kwamba haitokei. Utumbo mpana una urefu wa takribani mita 1.5, una kona nyingi na ukuta mwembamba, lakini daktari anapoangalia tu bila kukata kitu, tundu hutokea kwa takribani mtu 1 kati ya 1,000 au pungufu ya hapo. Hatari huongezeka akikuta kinyama kilichoota ndani na kukikata. Hata hivyo, vinyama vya namna hiyo ndivyo ambavyo baadhi yake hugeuka saratani baada ya miaka mingi, na wewe umekuwa ukiona damu chooni tangu mavuno.

Mimi naogopa zaidi ukimya wako mbele ya madaktari. Unameza warfarini, dawa ya kuzuia damu isigande, kwa ajili ya moyo. Usipoisema, kinyama kikikatwa unaweza kuvuja damu nyingi. Ukiiacha mwenyewe kimyakimya, damu inaweza kuganda mahali pabaya, kwa hiyo anayepaswa kupanga siku za kuiacha na kuirudia ni daktari. Vidonge vya sukari navyo vitajwe, kwa sababu utashinda bila kula, na vile vya kuongeza damu huacha uchafu mweusi unaoziba kamera.

Dawa ya kusafisha tumbo ndiyo itakayokuchosha kuliko kipimo chenyewe. Itakuharisha hadi yatoke maji matupu, na kwa mtu wa umri wako upungufu wa maji na chumvi si jambo dogo. Waulize kama figo zako zinaihimili, maana dawa zenye fosfeti zimewahi kuwaharibu watu figo. Siku chache kabla ya kipimo acha makande na maharage. Siku ya mwisho ni chai ya rangi (ya huko kwenu Rungwe haina mpinzani) na supu iliyochujwa, ila usinywe kitu chekundu, kisije kikadhaniwa kuwa damu. Sehemu ya dawa hunywewa alfajiri ya siku yenyewe, na sioni utakavyopanda gari kutoka Tukuyu hadi Mbeya, kilomita kama 70 za milima, ukiwa katika hali hiyo. Njoo ulale kwetu Uyole, hapa Mbeya.

Ukidungwa sindano ya usingizi, watakuvalisha kifaa kidoleni cha kupima oksijeni, na siku hiyo hutapanda bodaboda peke yako. Tumbo litajaa hewa. Itoe bila aibu, mjomba, hata mbele ya wakwe. Lakini kinyama kikikatwa, damu inaweza kuja hata wiki 2 baadaye, ukiwa umesharudi shambani. Ukiona mabonge ya damu, homa, kizunguzungu au tumbo kukakamaa kwa maumivu, usinywe dawa ya maumivu ukalala: rudi hospitali usiku huohuo, nauli nitalipa mimi.

Uje na dawa zako zote kwenye mfuko mmoja, pamoja na ile chupa ya mizizi unayoificha nyuma ya mlango.