Jimu za Singapore

Singapore,
Jumapili

Ndugu yangu Rashidi,

Asalaam aleikum. Mimi mzima, kazi ya bandarini inaendelea. Hofu ni kwenu huko Tanga.

Uliniuliza kama biashara ya jimu huku inalipa, maana wataka kuanza kuuza uanachama wa mwaka mzima kwenye jimu yako hapo. Inalipa, ila si kwa kila mtu, na ikiharibika anayelia ni mteja.

Kwanza ujue, mshindani mkubwa wa wenye jimu huku ni serikali yenyewe. Mitaa mingi ina jimu za ActiveSG, mpango wa serikali ulioanza 2014. Raia analipa dola 2.50 za huku anaingia: kiyoyozi, mashine nzima, vyuma vya kila uzito. Chini ya maghorofa ya serikali, wanakoishi wengi wao, pana vifaa vya mazoezi vya bure, na alfajiri wazee wamejaa hapo. Mwaka 2015 wakaanzisha na shindano la taifa la kuhesabu hatua: watembea, wapata pointi, wazibadilisha kwa vocha za dukani. Tena wanaume waliomaliza jeshi la lazima hupimwa kila mwaka kwa pushapu, mazoezi ya tumbo na mbio za kilomita 2.4, akifanya vizuri anapewa pesa taslimu. Mtu analipwa kukimbia, Rashidi! Nawe huko unabembeleza watu watoe elfu mbili.

Sasa mwenye jimu binafsi auze nini? Anauza kufungua saa 24, ndondi na baiskeli za gizani zenye muziki, kipindi kimoja zaidi ya dola 30, na kocha wa peke yako. Pango la katikati ya mji halishikiki, kwa hiyo anazitaka pesa zako mapema. Ndiyo maana vijana wa mauzo hukudaka njiani na ofa ya "leo tu". Mimi walinikalisha mpaka chai ikapoa, na bado hawakutaka kuniambia bei ya mwezi mmoja.

Julai 2016 kampuni ya jimu ya California Fitness ilifunga milango hapa na Hong Kong, na maelfu ya wanachama waliokwisha kulipia miaka ya mbele wakabaki na kadi tu. Mwaka uliofuata True Fitness ikafunga Malaysia na Thailand. Mwaka 2024 ikawa zamu ya Physical ya Hong Kong, kampuni ya tangu 1986, si ya juzi. Ni upatu ule ule: pesa za mgeni zinalipa pango la jana, na wageni wakipungua kijumbe haonekani. Kampuni ikifilisika, mwanachama anapanga foleni na wadai wengine, naye yuko mkiani.

Kwa hiyo kwenye huo mwaka mzima siko nawe. Uza mwezi, hata wiki. Wavuvi na bodaboda wako hawana mshahara wa tarehe moja, na ukila pesa ya Desemba mwezi wa Machi, utanunua nini mashine ikikatika waya?

Mashine nazo, hapa jimu zikifungwa huuzwa kwa bei ya kutupa, ingawa nauli ya meli si mchezo. Nitumie vipimo vya chumba chako na uniambie umeme unakatika mara ngapi, nijue kama nitafute za kukimbilia au vyuma vitupu.

Msalimie shemeji na watoto.

Wako,
Salim