Wikendi ya familia Chalbi: siku tatu, na ziwa libaki kwa safari nyingine

Wazazi wengi wanaotupigia simu huwa na ombi linalofanana: waondoke Nairobi Jumamosi, walione Jangwa la Chalbi kaskazini mwa Kenya, wafike Ziwa Turkana na Koobi Fora, na Jumatatu watoto wawe darasani. Kwa barabara, haiwezekani. Tukikubali ombi hilo tutakuwa tumewauzia siku mbili za kukaa garini.

Nairobi hadi mji wa Marsabit ni zaidi ya kilomita 500. Lami imefika, kupitia Isiolo, Archers Post na Laisamis, lakini kwa familia yenye watoto wadogo hiyo ni siku nzima. Ukiiacha lami Laisamis kuelekea Loiyangalani, mji ulio kando ya Ziwa Turkana, kuna changarawe zaidi ya kilomita 200 kabla ya kuona maji. Koobi Fora, ambako mwaka 1972 Bernard Ngeneo aligundua vipande vya fuvu maarufu la binadamu wa kale linalojulikana kwa namba 1470, iko mbele zaidi kaskazini, ndani ya Hifadhi ya Sibiloi. Hiyo itengewe likizo ya shule, au ndege ya kukodi.

Kwa hiyo tunapanga hivi: ondokeni Ijumaa alfajiri, laleni Marsabit usiku wa Ijumaa na wa Jumamosi, rudini Jumapili. Wikendi iliyoungana na sikukuu ni bora zaidi, kwa sababu inawapa siku ya kupumzika katikati.

Marsabit ni mlima wa volkano wenye msitu na ukungu, umezungukwa na nyika kavu, kwa hiyo beba masweta hata kama unaenda jangwani. Humo msituni ndimo alimoishi Ahmed, tembo ambaye Rais Jomo Kenyatta aliamuru alindwe kwa amri maalum mwaka 1970, kwa ajili ya pembe zake ndefu. Alikufa mwaka 1974. Mfano wake umesimama katika Makumbusho ya Taifa Nairobi. Wapelekeni watoto wakauone kabla ya safari, halafu wakifika msituni watakuwa na maswali yao wenyewe.

Jumamosi ndiyo siku ya Chalbi, na alfajiri ndiyo saa yake. Mnateremka kuelekea Maikona, joto likipanda kadiri mlima unavyobaki nyuma, mpaka ardhi inapokuwa tambarare nyeupe ya chumvi isiyo na mti. Hapa palikuwa na ziwa zamani za kale, na chumvi hiyo ni masalio yake. Wagabra, wafugaji wa eneo hili, hupitisha ngamia wao hapa kwenda kwenye visima. Msipige picha ya mtu wala mifugo yake bila kuomba ruhusa. Kufikia saa tano asubuhi tafuteni kivuli. Mtoto mdogo hachoki kwa jua hilo polepole, hubadilika ghafla, na mzazi asisubiri alalamike ndipo ampe maji.

Jambo moja hatulijadili: mvua. Chalbi ikinyeshewa, chumvi ile hugeuka tope linalomeza magurudumu, na gari linaweza kukaa siku kadhaa. Machi hadi Mei, na tena Oktoba hadi Desemba mwanzoni, hatuchukui familia kuvuka tambarare, hata anga likionekana safi Nairobi. Juni hadi Septemba ni salama zaidi, ingawa upepo ni mkali.

Gari liwe la kuendesha magurudumu yote manne, lenye matairi mawili ya akiba, na mafuta yajazwe Marsabit. Maji ya kunywa hesabuni lita tano kwa kila mtu kwa siku, na ya gari kando.

Mkitaka kuweka nafasi, tutumieni kwanza umri wa kila mtoto, na kama kuna mwenye pumu au anayetapika garini. Tutapanga vituo vya njiani kufuatana na hayo, na kama safari haiwafai wadogo, tutawaambia kabla hamjalipa.