Skonzi za chizi, Jumamosi saa 4 asubuhi

Habari za jioni wapendwa. Jumamosi tunaoka skonzi za chizi na kotimiri. Si zile za hamira tulizozizoea. Hizi zinaumuliwa kwa beking pauda, hakuna kusubiri unga uumuke. Kila mmoja aje na unga wa ngano gramu 250, siagi 50, chizi kali 100, maziwa mililita 150 na fungu dogo la kotimiri. Siagi ifungeni na barafu, jamani! Mara iliyopita yangu iliyeyukia kwenye daladala, nikaishia kuoka biskuti. Na ukikata kwa glasi, bonyeza tu chini. Ukizungusha zinapanda upande mmoja. Oveni nyuzi 220, dakika 12 hadi 15. Beking pauda ninayo. Mwenye trei ya ziada aseme.