Mtazame Anavyokaa

Mkomani, Lamu

Mwanangu mpenzi,

Assalaam alaykum. Ama baada ya salamu, sisi huku hatujambo. Babako anakusalimu, na paka wako amezaa tena, watatu, juu ya kabati la vyombo.

Simu yako ya juzi usiku ilinishtua, nikadhani umevamiwa na wezi. Kumbe buibui. "Mama, ana ukubwa wa kiganja, na amekumbatia kitu cheupe tumboni." Kabla sijauliza lolote nikasikia ndara ikipiga ukuta, paa! Kisha kimya. Kisha ukasema vimetoka vidogo vingi vinatambaa. Sikukugombeza wakati ule kwa sababu ulikuwa unalia. Nakugombeza sasa, kidogo.

Yule alikuwa mama. Kile cheupe ni mfuko wa mayai, bapa kama sarafu kubwa, na humo huwa na mayai hata zaidi ya mia. Hubeba mfuko huo chini ya kifua wiki nzima nzima, na wakati huo hana haja na wewe wala na mtu yeyote. Wataalamu humwita Heteropoda venatoria. Hana utando wa kutegea. Huwinda kwa miguu usiku, na mende ndio chakula chake kikubwa. Ungemtazama usoni ungeona mstari mweupe chini ya macho, kama masharubu. Inasemekana asili yake ni Asia, na kwamba alisambaa duniani kwa vyombo vya baharini na mizigo ya ndizi. Basi kaja pwani hii kama walivyokuja wengi wetu, kwa pepo za kaskazi, na leo hakuna anayemuuliza kabila.

Unakumbuka Maulidi ya ule mwaka ulipopotea pale msikiti wa Riyadha? Ulikuwa na miaka minne. Uwanja umejaa wanawake, wote mabuibui meusi, wengi wamejifunika nyuso. Mimi nalia nakutafuta, na wewe ukatoka huko ukaja moja kwa moja ukanishika nguo. Shangazi yako akakuuliza umemjuaje mamako. Ukasema, "Kwa anavyokwenda." Mpaka leo tunalicheka neno lile, lakini nilipokuwa nafundisha sayansi darasa la tano nilikuwa nalitumia kufundishia buibui, hao wenye miguu minane. Rangi itakudanganya. Mmoja huyo huyo akiwa mchanga ana rangi moja, akikua nyingine, na dume hafanani na jike. Tazama anavyokaa, anavyokwenda, na mayai kayaweka wapi. Ukijua hayo matatu, nusu ya hofu imeondoka.

Tuanze na nyumba yetu, maana unaijua. Yule uliyemwita Bapa ulipokuwa mdogo, aliyekuwa akikaa kwenye zidaka vya ukumbini, vile vijishubaka vya ukutani, ni wa jamii ya Selenops. Ukutani huonekana kama karatasi iliyobandikwa, miguu yote imelala ubavuni kama ya kaa. Huingia katika ufa wa chokaa ambao usingepitisha hata shilingi. Ni rahisi kumchanganya na yule uliyemuua, ila Bapa habebi mayai. Huyabandika ukutani kwa kijikaratasi cheupe cha mviringo, akakaa juu yake au pembeni. Ndivyo vile viduara ulivyokuwa ukivibandua kwa kucha ukidhani ni chokaa, na mimi nilikuacha, Mungu anisamehe. Mdudu akipita nyuma yake, hugeuka kwa kasi ambayo jicho haliifuati: kwa muda wa mtu kupepesa, anaweza kuzunguka mara tatu. Watu wamempiga picha kwa kamera za kasi ili tu waone afanyavyo.

Kule juu, kwenye kona za boriti, yuko mwenye miguu myembamba kama nywele, akining'inia. Utando wake ni fujo tupu. Mguse kwa ncha ya fagio: hatakimbia, atatikisika mpaka umbo lake lipotee machoni. Hakuna mwingine nyumbani afanyaye hivyo. Jike hubeba mayai mdomoni, yamefungwa kwa nyuzi chache hata unaweza kuyahesabu. Ni mnyonge wa kutazama, lakini hula buibui wenzake, pamoja na walio wakubwa kuliko yeye.

Bibi yako alikuwa haruhusu buibui auawe ndani ya nyumba hii. Sababu yake ilikuwa kile kisa cha pango la Thaur alimojificha Mtume, buibui alivyotanda mlangoni na njiwa akataga, maadui wakasema humo hamna mtu. Lakini kila ikikaribia Ramadhani aliagiza fagio refu la makuti, tandabui zote zikashushwa. Nikamuuliza, mbona tunawabomolea? Akasema nyumba ya buibui ndiyo dhaifu kuliko zote, imeandikwa, atajenga nyingine kesho. Mjusi kafiri naye, ambaye hula mbu usiku kucha, hakuwa akisamehewa hata kidogo, kwa kosa la kuupuliza moto wa Nabii Ibrahim. Hapo sikuwahi kukubaliana na mamangu, ila sikumwambia.

Sasa huko kwako Malindi. Uliniambia dirishani kuna kidogo chenye manyoya kinachokutazama. Hukuota. Huyo ni buibui mrukaji, na kweli alikuwa anakutazama. Ana macho manane, mawili ya mbele makubwa kama taa za gari, na anaona vizuri kuliko karibu wadudu wote wa ukubwa wake. Hugeuza kifua kizima kukufuata. Humnyemelea nzi kama paka, na kabla hajaruka hubandika uzi nyuma yake, akikosea aning'inie asianguke. Wa kwenye kuta za pwani mara nyingi ni Plexippus. Dume lake ni jeusi lenye mstari mweupe katikati ya mgongo, jike rangi ya vumbi. Weka kioo kidogo mbele ya dume uone litakavyoinua miguu ya mbele kutaka kupigana na nafsi yake. Utacheka.

Katika jamii hiyo ya warukaji kuna mmoja ambaye huku kwetu hayupo, yuko pembezoni mwa Ziwa Victoria tu. Jina lake Evarcha culicivora, alipewa mwaka 2003, na waliomchunguza sana walifanya kazi Mbita. Yeye hupenda damu, lakini hawezi kututoboa. Kwa hiyo huitafuta ndani ya mbu jike aliyekwisha kunywa. Na katika mbu wote, humpendelea Anopheles, yule wa malaria. Unajua humtambuaje? Kwa mkao! Anopheles akitua huinua nyuma juu, mwili umelala mshazari. Mbu wengine hukaa sambamba na ukuta. Niliposoma hayo nilisimama nikatembea chumba kizima. Neno ulilolisema Riyadha na miaka minne yako, buibui wa ziwani analijua bila kufundishwa.

Uwani kwako kuna mwembe. Wale majimoto wekundu wanaoshona majani unawajua, umeumwa nao vya kutosha. Lakini ukimwona mmoja anayetembea peke yake, anakwenda kwa mshtuko-mshtuko, mhesabu miguu. Chungu ana sita na mwili wa vipande vitatu. Buibui minane na vipande viwili. Wapo buibui wanaojifanya chungu: kiuno wamekibana kionekane kama cha chungu, na miguu miwili ya mbele wanaipunga hewani iwe kama vipapasio. Ukimtikisa kwenye jani atashuka kwa uzi. Chungu hana uzi.

Kati ya mwembe na waya wa umeme, baada ya masika, utaona tandabui kubwa kama wavu wa kutupa, na jua la asubuhi likiipiga ina rangi ya dhahabu. Mwenye nyumba amekaa katikati, kichwa chini, mwili mrefu kama nusu ya kidole chako na miguu kama vijiti. Huyo ni jike. Ukitazama pembeni ya utando utaona kijibuibui kimekaa kama mgeni asiyekaribishwa, ndiye mume. Babako hapendi nikisimulia sehemu hiyo. Nyuzi zake ni dhahabu kwa asili, hazikutiwa rangi. Ndugu zake wa Bukini, yaani Madagaska, walikamuliwa nyuzi na kuachiliwa, zaidi ya milioni 1, mpaka ukafumwa mtandio mzima, na mwaka 2012 ukaonyeshwa London, katika Victoria and Albert Museum. Usiutamani, mshahara wako naujua. Pita chini yake tu, inama.

Akiwa ametanda chini zaidi, kwenye maua, na ameishona alama ya msalaba katikati ya utando huku miguu ameipanga miwili-miwili kama herufi X, huyo ni Argiope. Naye muache.

Ukitoka uwani usiku, shika tochi usawa wa macho yako, elekeza kwenye majani. Vitakujibu vinuru vya kijani kama vipande vya chupa. Fuata kinuru kimoja mpaka ufike: ni buibui wa ardhini anayewinda bila utando. Mfuko wake wa mayai, kama punje ya mtama au mbaazi, ameufunga nyuma kabisa anauburuta. Watoto wakitoka hupanda mgongoni wote, wakawa kama manyoya. Basi umeona: mmoja hukumbatia kifuani, mmoja hubandika ukutani, mmoja huuma mdomoni, mmoja hukokota nyuma.

Nimewasifia buibui mpaka sasa, lakini wawili nataka uwaheshimu kwa umbali. Wa kwanza ni mdogo, kahawia, duara kama choroko, hukaa kichwa chini mahali pa giza: chini ya viti vya plastiki, nyuma ya ndoo, kwenye mabomba. Ukimpindua tumbo utaona alama ya rangi ya machungwa, pembe tatu mbili zimegusana ncha. Lakini usimpindue. Tafuta mayai yake: vidonge vya rangi ya maziwa vilivyojaa vijimwiba pande zote. Ukiona kidonge chenye miiba, mwenyewe yuko hapo. Mjomba wako alitia vidole chini ya stuli ya daka akaumwa, na maumivu yakapanda mpaka kwapani, akashinda amenuna mpaka kesho yake. Hakufa, na mara chache sana mtu hudhurika zaidi ya hapo. Vaa glavu ukipanga vitu vya zamani.

Wa pili hutamkuta nyumbani, labda ukienda shamba: mkubwa, mwenye manyoya, shimo lake limetandikwa hariri mdomoni. Akiudhiwa husimama kwa miguu ya nyuma, akafungua meno. Hapo amekwisha kukuambia. Anauma vibaya sana, ingawa hajulikani kuua mtu.

Ukiumwa na yeyote, osha kwa sabuni, weka kitu baridi. Usichanje, usifyonze. Ukiona jasho jingi, maumivu yanasambaa tumboni au mgongoni, au pumzi inabana, nenda hospitali hapo hapo.

Na ile "mkojo wa buibui" anayokuambia jirani yako, malengelenge yale ya mstari shingoni baada ya mvua, buibui hahusiki. Ni kijidudu chembamba, chekundu na cheusi kwa zamu, huvutwa na taa. Akitua mpulize. Ukimponda, maji yake ndiyo yanayounguza. Mimi mwenyewe, kabla sijalijua hilo, nilinunua kopo la dawa nikapuliza ghala zima kuwaua buibui. Malengelenge hayakupungua. Mende waliongezeka hata nikaona haya kumwambia mtu.

Nimekufungia kioo changu cha kukuzia ndani ya kile kikapu cha achari, kitakuja na basi la Jumatano kutoka Mokowe. Mwambie kondakta asiweke kitu juu yake. Ulisema kuna mwingine mkubwa sasa, nyuma ya mlango wa bafu, na bado hujampiga. Usimfukuze. Mtazame kesho asubuhi: miguu imelala ubavuni au imeinuka? Na kile cheupe, amekishika au kimebandikwa? Uniambie, nataka kujua kama ni Bapa.

Wako mamako